Turubai Si Gari

Popo walilinyea gari la Fahmi usiku kucha, na asubuhi ya Jumapili aliyetakiwa kujibu dhambi za popo alikuwa Usama, muosha magari wa Tibirinzi.

Gari lenyewe lilikuwa jekundu, la milango miwili, na paa lake halikuwa bati bali kitambaa kizito cheusi. Ukibonyeza kitufe kitambaa kinajikunja na kurudi nyuma, na waliomo ndani wakaonekana na dunia nzima. Chake Chake waliliita gari ya turubai. Fahmi alilileta kutoka Dar es Salaam kulikodisha, na tangu lishuke bandarini hakuna harusi yenye jina iliyokubali bwana harusi wake apelekwe na gari jengine. Sasa dereva wake kaliegesha chini ya mzambarau, msimu wenyewe wa zambarau, na wale popo wakubwa wenye uso wa mbwa wakala, wakashiba, wakamwaga. Paa lilijaa madoa ya zambarau mbivu, na mengine meupe yaliyoganda kama chokaa.

"Saa nane naijia," Fahmi alisema. "Bwana harusi yupo Wambaa, anisubiri miye. Turubai hili likitoka na doa, n'takuosha weye kwa hiyo mashine yako, ndani na nje."

Alisema hayo huku amemshika Usama ukosi wa shati, na alipomaliza akampiga makofi mawili ya shavuni, si ya nguvu, ni yale ya kumpigia mtoto wa jirani. Mzee Nyange alikuwepo, kwenye benchi lake anapokaa kila siku tangu alipostaafu kazi ya kupima karafuu. Usama alicheka. Mkono usioweza kuukata, ubusu, na Usama aliubusu kwa meno yake yote. Lakini mtu akimeza kitu kama kile lazima akiteme pahala, na mkewe, aliyekuwa barazani akitazama, alijua vizuri sana pahala penyewe ni wapi.

Mkewe aliitwa Mwanapili. Kazi yake ilikuwa kufua kofia, hizi za viua, vitundu vidogo vya nakshi vya kushonwa kwa mkono, ambazo mwenye nazo hawezi kumpa mtu yeyote tu akazifikicha. Watu walimletea kutoka Wete na Mkoani. Alizifua kwa maji baridi, sabuni ya kipande na mswaki laini, kiua baada ya kiua, kisha akazitia wanga na kuzianika kivulini, zimevishwa juu ya makopo ili zisipoteze umbo. Miaka kumi na moja hakuharibu kofia hata moja. Usama alikuwa akiwaambia watu kwamba mkewe hana kazi.

Usama alianza kama anavyoanza kwa kila gari. Alimwaga nusu paketi ya sabuni ya unga juu ya turubai, akawasha mashine ya presha, akausogeza mdomo wa bomba karibu kabisa. Mashine ile iling'oa tope la gari za abiria zinazotoka shamba. Kwa chuma haikuwa na mpinzani. Kwenye kitambaa, maji yaliingia mpaka ndani ya uzi. Doa la zambarau badala ya kutoka likatanuka. Pembeni mwa kioo cha nyuma mshono ukaanza kufumuka, na pale palipopigwa sana kitambaa kikaota manyoya.

Mwanapili aliweka chini kofia aliyokuwa nayo. Alijua kwamba kheri yake ni kunyamaza. Alijua pia kinachotendeka pale, maana kitambaa ni kitambaa, kiwe kichwani mwa shehe au juu ya gari.

"Baba Laila," alisema kwa sauti ya chini, "zima mashine. Hiyo nguo."

"Rudi ndani."

"Yafumuka. Tazama hapo kwenye kioo. Nguo haipigwi, hurowekwa. Na hiyo sabuni ya unga ikikaukia humo itaila rangi yote."

Mzee Nyange aliinuka kidogo, akautazama mshono, akatikisa kichwa. "Ee, yakhe, msikilize mkeo. Huyu ajua."

Mzee yule angenyamaza, pengine siku ingekwenda vyengine. Usama alizima mashine. Alikwenda mpaka barazani taratibu, chuma cha bomba mkononi, akampiga nacho Mwanapili mdomoni. Mwanapili alijikuta amekaa chini, damu inamtiririka kidevuni na kudondokea kofia nyeupe ya watu. Kitu cha kwanza alichofanya ni kuisogeza ile kofia isizidi kuchafuka.

"Weye ndiye fundi?" Sasa Usama alikuwa anapiga kelele, na watu wa dukani ng'ambo ya barabara wakatoka kutazama. "Haya sikia, na Mzee Nyange asikie, na mama huko ndani asikie. Ukiitia mkono gari hii, hata kidole, basi ndiyo talaka yako. Na waijua ni ya ngapi."

Waliijua wote. Ya kwanza aliitoa kwa sababu ya mchuzi, ya pili kwa sababu Mwanapili alichelewa kurudi kutoka mazikoni, na zote mbili alimrejea kabla eda haijaisha, akilia. Hii ilikuwa ya tatu, na ya tatu haina kurejeana mpaka mwanamke aolewe kwanza na mume mwengine. Kheri kujikwaa guu kuliko kujikwaa ulimi, wamesema wazee, lakini ulimi wa Usama ulishazoea kujikwaa, na kila ulipojikwaa aliyechubuka alikuwa mtu mwengine.

Akapanda pikipiki kwenda mjini kwa fundi rangi, kutafuta thina, yale maji makali ya kuyeyushia rangi, aje asugulie madoa.

Jua la saa nne lilikuwa limeshaanza kuuma na povu lilikuwa linakauka juu ya turubai. Mwanapili alisukutua kwa maji ya chumvi. Jino moja la mbele lilikuwa linacheza.

Alilitazama gari kupitia dirishani. Thina ikifika, turubai litakuwa limekwisha kabla ya adhuhuri. Saa nane Fahmi atakuja, na Fahmi alishamvunja mtu taya kwa sababu ya kioo cha pembeni tu. Fahmi atampiga Usama, kisha Usama ataingia ndani. Tena Laila, binti yao, yuko nyumbani leo baada ya chuo cha Kurani. Laila alikuwa na miaka tisa na hakushtushwa tena na kelele za baba yake. Alichokuwa hawezi kuvumilia kukisikia ni mpira wa maji ukiburuzwa sakafuni. Hapo ndipo anapoziba masikio.

Mwanapili alichukua ndoo, kata, kipande cha sabuni, na burashi laini kuliko zote alizokuwa nazo. Mlangoni alimkuta Bi Ummi, mama yake Usama, anamenya muhogo.

"Wenda wapi?" Bi Ummi aliuliza.

"Kufua."

"Kufua nini?"

"Ile nguo iliyo juu ya gari."

Bi Ummi aliweka kisu chini. "Mwanangu, yule kaapa. Na imebaki moja."

"Kaapa gari, mama. Turubai si gari. Turubai ni nguo."

Bi Ummi alimtazama ule mdomo uliovimba. Alijiinua kwenye kigoda alichokalia, akakisukuma kwa mguu kuelekea nje, ili mkwewe apate cha kupandia.

Mwanapili alijifunga kanga vizuri kiunoni, akapanda. Alinyoosha mikono juu ya paa na kuuzuia mwili wake wote nyuma, asiguse mlango, asiguse kioo, asiguse hata ule ukingo mwembamba wa chuma unaokizunguka kitambaa. Mzee Nyange alilisogeza benchi lake karibu.

"Polepole," alisema. "Kanga yako hiyo, itagusa."

Kwanza aliiondoa sabuni ya unga. Alichota maji kwa kata na kuyamimina kutoka juu, kata baada ya kata, mpaka yakawa yanashuka meupe. Yale madoa yaliyoganda aliyafunika kwa vitambaa vibichi akayaacha. Uchafu uliokauka ukiukwangua unaushindilia. Ukiupa maji na muda unajitokea wenyewe. Kisha akapaka burashi sabuni ya kipande, kidogo tu, akasugua kwa kufuata uzi, kutoka mbele kwenda nyuma, hakuna kurudi, hakuna kuzungusha. Kioo cha nyuma kilikuwa cha plastiki, akakipa maji matupu. Pale palipofumuka akapashika kwa sindano na uzi mweusi. Mwisho akalikandamiza turubai lote kwa kanga kuukuu iliyokauka, bila kufikicha, mpaka likarudi kuwa jeusi, jeusi la siku lilipotoka dukani.

Kwa saa nzima na zaidi hakuna aliyempigia kelele. Alikuwa na furaha, na aliona haya kuwa na furaha huku mdomo umevimba namna ile.

Adhana ya adhuhuri ikaadhiniwa. Mzee Nyange akaokota bakora yake. "Hukugusa chuma," alisema. "Miye shahidi wako mbele ya Mungu. Turubai tupu."

Akenda zake msikitini. Mwanapili alishuka kwenye kigoda. Alibaki peke yake na gari lile jekundu, mkono umelowa, na alisimama pale kwa muda kabla ya kuingia ndani.

Usama alirudi saa nane kasoro, thina kaikosa kwa fundi rangi na kuipata kwa tabu kwenye duka la tatu. Hakuwahi hata kushuka vizuri kwenye pikipiki, Fahmi naye akafika.

Fahmi alilizunguka gari. Akapitisha kidole juu ya turubai, akakinusa. "Mashaallah," alisema. "Kumbe waweza kazi."

Usama alilitazama paa. Akamtazama Mzee Nyange, aliyekuwa amesharudi, na mzee akatazama pembeni. Hapo Usama akajua. Alilisukuma kopo la thina nyuma ya benchi kwa kisigino. "Kazi tu, bwana," alisema.

Fahmi akaingia ndani ya gari na kidole chake kikaelekea kwenye kitufe, ajaribu kulifungua paa.

"Usilikunje bichi." Sauti ilitoka dirishani. "Ndani bado lina maji. Likikunjwa hivyo litaota ukungu, na mshono wa nyuma utaachia. Liache limefungwa mpaka alasiri."

Mwanapili alisikia maneno yale yakitoka kinywani mwake na hakuyajutia. Fahmi alitazama dirisha. Akamtazama Usama, kisha akaliona lile kopo nyuma ya benchi, akalijua, na akacheka mpaka akakohoa.

"Kumbe mashine yako yavaa kanga," alisema. "Siku nyengine n'taileta kwake. Weye mshikie ndoo."

Watu wa dukani wakacheka. Mzee Nyange, aliyetaka kutenda wema, akauzidisha msiba. "Usitie shaka, Usama," alisema kwa sauti ya kusikika na wote. "Kiapo chako hakikuanguka. Nilikuwepo, hakugusa chuma."

Kwa hiyo sasa hata Fahmi alijua habari ya kiapo. Fahmi aliondoka paa likiwa limefungwa, kama alivyoambiwa na mwanamke.

Safari hii Usama hakuingia na bomba la chuma, aliingia na mpira. Laila alisikia ukiburuzwa, akaziba masikio na kukimbilia uwani.

Alimpiga mgongoni kwanza. Mwanapili alijikunja kati ya ukuta na kitanda, kichwa amekificha kwenye mikono, na kila pigo lilipoingia alisikia pumzi zote zikimtoka. Usama hakuwa anatukana. Alikuwa anapiga na kuhema, anapiga na kuhema, kama mtu anayepasua kuni za kuuza. Kisha akaacha.

"Mkono upi?" aliuliza.

Usama akaukamata wa kulia, akaubana juu ya sanduku la nguo, akaugeuza mpira upande wenye koki ya shaba. Alipiga mara tatu. Mara ya pili kidole cha shahada kilitoa sauti ndogo, na hapo Mwanapili akapiga ukelele uliosikika mpaka ng'ambo ya barabara, na hakuna mtu wa ng'ambo aliyekuja.

Aliyekuja ni Bi Ummi. Alisimama mlangoni, mikono mitupu, unga wa muhogo bado umo kwenye kucha.

"Usama," alisema. "Wampiga mke wa nani?"

"Toka, mama."

"Nakuuliza weye. Kaigusa gari au hakuigusa?"

"Kaigusa. Mji mzima wajua."

"Basi ya tatu ishaanguka tangu asubuhi. Huyu si mkeo, ni mtoto wa watu, na mkono wako upo juu ya mwili wa mwanamke ajnabi. Na kama hakuigusa, haya nambie, wampigia nini?"

Mpira ulikuwa umeinuliwa, na ukabaki pale pale ulipo. Miaka yote ya ndoa yake Mwanapili hakuwahi kuuona mpira ule ukisita hewani, na katikati ya maumivu yale alitamani kucheka. Usama aliutupa chini. Akakaa kitandani, akafanya alichokifanya baada ya talaka ya kwanza na baada ya ya pili: alilia.

Shehe Mwalim aliletwa baada ya alasiri. Alikuwa mtu mwema kwa namna yake, na alijisifu kwamba hakuna ndoa iliyowahi kuvunjika mikononi mwake ikiwa imebakiwa na tundu la sindano la kupitia. Alikaa kwenye mkeka, akapewa kahawa. Mzee Nyange alikaa kuliani kwake kama shahidi, na Usama kushotoni, macho mekundu. Bi Ummi alikaa karibu na mlango.

Mwanapili alikuwa ameegemea ukuta, mkono wa kulia umefungwa kwa kitambaa cha kanga na umevimba mpaka kwenye kiwiko. Shehe aliuona mkono. Akauliza habari za turubai.

Alipokwisha kusimuliwa, alimgeukia kwa upole. "Mwanapili, mja husahau. Mwanamke akisahau kiapo cha mumewe akatenda, hapo hapana kitu. Ulisahau?"

"Sikusahau, shehe."

Shehe alikohoa. "Basi tutazame tamko lenyewe. Kasema gari. Mtu akiapa kutogusa punda, akagusa tandiko, je, kagusa punda? Hapo pana nafasi. Kitambaa kile chaweza kuvuliwa chote na gari ikabaki gari."

"Turubai si gari," Usama alidakia. "Wallahi, shehe, niya yangu ilikuwa chuma."

"Nami nashuhudia," alisema Mzee Nyange. "Nilimwangalia mpaka adhana. Chuma hakukigusa."

"Alhamdulillahi," Shehe Mwalim alisema, akaweka kikombe chini.

Chumba kizima kikapumua. Usama alikuwa ameshaanza kumtazama mkewe kwa yale macho yake ya maji. Mwanapili aliyajua macho yale. Baada yake huja kanga mpya, na wiki tatu za sauti ya chini, na samaki mzuri sokoni, na halafu mpira. Moyo wake ulikuwa umejaa chuki, na hakuona sababu ya kuiita jina jengine.

"Shehe," alisema, "miye hujaniuliza."

"Nikuulize nini tena, mwanangu? Yamekwisha."

"Niulize nilichokigusa."

Shehe Mwalim alimtazama Mzee Nyange, na mzee akatazama mkeka. Mwanapili hakusubiri kuulizwa.

"Turubai nililifua kwa ajili ya nguo," alisema. "Ilikuwa yaharibika, na siwezi kuitazama nguo yaharibika. Hapo sikugusa chuma, Mzee Nyange kasema kweli. Alipokwenda kusali nilishuka. Nikaufuta mkono kwa kanga mpaka ukakauka, isije ikasemwa ni maji yaliyogusa. Nikauweka mlangoni, kiganja chote na vidole vyote vitano. Chuma kilikuwa cha moto. Nikahesabu mpaka tatu ndipo nikauondoa. Hilo nililifanya kwa ajili yangu."

Kutoka uwani ilisikika sauti ya Laila akiwafukuza kuku.

"Mwongo," Usama alisema. Kisha sauti ikamlegea. "Mama Laila, sema hukugusa. Sema tu hukugusa, yaishe." Alikuwa anajiburuza juu ya mkeka kumwendea, amenyoosha mkono ili amshike.

Mwanapili aliuinua mkono wake uliofungwa na kumwonyesha. "Ndio huu," alisema.

Bi Ummi alisimama. Alivua kanga aliyojitanda mabegani, akapita mbele ya mwanawe, akamfunika nayo Mwanapili kuanzia kichwani, akaufunika mdomo uliopasuka na mkono uliovunjika, kama anavyofunikwa mwanamke pale mgeni mwanamume anapoingia bila kupiga hodi. Shehe Mwalim aliinamisha uso. Bi Ummi akamgeukia Usama, mtoto wake wa kumzaa.

"Toka nje," alisema. "Humu ndani mna mwanamke si maharimu wako."